Kisiwa Kisicho na Wazee: Daktari wa Meli kutoka Ayalandi na Karani wa Forodha kutoka Vibambani

Nilikuwa darasa la tatu pale Ngamiani nilipoisikia kwa mara ya kwanza hadithi ya watoto wawili waliotupwa kisiwani. Nasema nilisikia, kwa sababu kuona sikuona. Kibanda umiza kilikuwa nyuma ya nyumba yetu, kuta zake viroba vilivyoshonwa pamoja, na kiingilio kilikuwa shilingi mia mbili ambazo sikuwa nazo. Kaka yangu ndiye aliyeingia. Mimi nilikaa nje juu ya ndoo iliyopinduliwa, nikamsikiliza mtafsiri, yule jamaa anayeongea Kiswahili juu ya sauti za wazungu. Kuna mvulana, kuna msichana, kuna mzee mlevi anaitwa Mzee Padi. Meli imeungua. Kisiwa kiko wapi? Mtafsiri hakusita: "Kiko nyuma kabisa ya Pemba, ukishaipita Pemba unakata kulia." Nilimwamini. Kwa muda mrefu tulipokwenda Raskazoni kuogelea nilikuwa nikitazama upande ule nikijua kuna watoto wenzangu kule wanakula nazi bila kutumwa dukani.

Mwaka wa pili hapa chuoni ndipo nilipogundua kwamba filamu ile inaitwa The Blue Lagoon, ni ya mwaka 1980, ilipigwa kwenye kisiwa cha Nanuya Levu huko Fiji, na kwamba ilitoka kwenye riwaya ya mwaka 1908. Mwandishi wake ni Henry de Vere Stacpoole, Mwayalandi. Kitabu chenyewe kinapatikana bure mtandaoni kwa sababu muda wa hakimiliki umekwisha. Nilikisoma kwenye simu kwa siku nne, bumu likiwa limechelewa na mimi sina la kufanya jioni.

Makala hii naiandika kwa ajili ya wenzangu tunaosoma ualimu, hasa mtakaofundisha fasihi, na kwa yeyote anayependa riwaya za safari na mapenzi lakini anaona aibu kukiri. Madarasani tunagawa vitabu mafungu mawili, riwaya dhati na riwaya pendwa, halafu hizi pendwa tunazisogeza pembeni kama vile hazina la kufundisha. Mimi naona zina la kufundisha, ila inabidi ziulizwe maswali yake. Swali langu kwa riwaya ya kisiwa ni moja tu: wazee wako wapi?

Tumjue mwandishi kwanza. Stacpoole alizaliwa mwaka 1863 katika mji wa bandari uliokuwa ukiitwa Kingstown, jirani na Dublin. Siku hizi mji huo unaitwa Dún Laoghaire. Alisomea udaktari London, akafuzu mwaka 1891, kisha akawa daktari wa meli. Kazi ya daktari wa meli ni ya ajabu kidogo. Si baharia, hapandi mlingotini, havuti kamba, lakini yupo safari nzima, na mabaharia wanapoumwa au kuumia wanamletea yeye miili yao na hadithi zao. Nadhani ndiyo maana mabaharia wake wanaongea kama watu hai kuliko hata wapenzi wake. Aliandika makumi ya vitabu, akafa mwaka 1951 katika kisiwa cha Wight, Uingereza. Vingi vimesahaulika. The Blue Lagoon haukusahaulika, na aliuongezea miendelezo miwili, The Garden of God mwaka 1923 na The Gates of Morning mwaka 1925.

Hadithi yenyewe ni fupi kuisimulia. Meli iitwayo Northumberland inashika moto katika bahari ya Pasifiki. Mashua zinapotezana kwenye ukungu. Katika mashua moja wamo Dick na Emmeline, watoto wa ndugu, wana kama miaka minane hivi, pamoja na baharia mzee wa Kiayalandi, Paddy Button. Wanafika kisiwani. Kuna maji matamu, kuna ndizi na mishelisheli, na kuna yale maji matulivu yaliyozungukwa na mwamba ambayo ndiyo yaliyokipa kitabu jina. (Nilimuuliza Babu yangu, aliyekuwa baharia wa majahazi, sisi maji hayo tunayaitaje. Akaniangalia kama nimeuliza jina la mlango wa nyumba. "Ndani ya mwamba," akasema. Basi.) Mzee Button anawafundisha yale madogo anayoyajua. Kisha anapata pipa la ramu, analewa, anakufa. Kuanzia hapo watoto wako peke yao. Wanakua, wanapendana, wanapata mtoto.

Hapa ndipo ufundi wa Stacpoole ulipo, na ndipo ninapotaka tukae kidogo. Mwenyewe alieleza baadaye kwamba wazo lilimjia usiku mmoja alipokosa usingizi, akawa anamwonea wivu mtu wa kale wa mapangoni ambaye radi na machweo vilikuwa vitu vya ajabu kwake kila siku, kwa sababu hakuna aliyewahi kumweleza. Kwa hiyo akatafuta namna ya kutengeneza watu wasiojua kitu. Akachukua watoto wawili, akawaondolea mama, akawaondolea shule, mwishowe akawaondolea na mzee mmoja waliyebaki naye. Riwaya nzima inaendeshwa na kutojua. Hawajui kifo ni nini. Hawajui mimba ni nini. Mtoto anazaliwa, wa kiume, wanampa jina Hannah. Kwa nini Hannah, jina la kike? Kwa sababu mtoto mchanga pekee waliyewahi kumjua kabla ya ajali aliitwa hivyo, basi wakadhani watoto wachanga huitwa hivyo.

Nilipokuwa fildi mwaka jana, shule moja ya sekondari huku huku Tanga, nilikuwa na kipindi cha mwisho siku ya Ijumaa na kidato cha tatu, na kila mwalimu anakijua kipindi hicho. Nikaamua kuwasimulia The Blue Lagoon badala ya kusahihisha zoezi la ngeli. Nilipofika kwa Hannah walicheka mpaka dawati likaanguka. Kisha msichana mmoja wa mstari wa nyuma, ambaye muhula mzima hakuwa amenyoosha mkono, akauliza: "Mwalimu, sasa huyo dada alijifungua bila mkunga? Na nani alimkata mtoto kitovu?"

Sikuwa na jibu. Kitabu hakina jibu. Stacpoole alikuwa daktari, alijua vizuri sana uzazi ulivyo, lakini aliuruka. Emmeline anapotea msituni, halafu anaonekana na mtoto. Yule binti aliendelea kunitazama. Baadaye nikaambiwa kwamba dada yake alifia njiani wakimpeleka hospitali ya wilaya kujifungua. Nimelifikiria swali lake kuliko nilivyofikiria mtihani wangu wowote. Hakuuliza ili kuharibu hadithi. Aliingia ndani yake kwa mlango anaoujua yeye, akakuta chumba hakina mtu.

Tangu siku hiyo nikaanza kuona kwamba kisiwa cha Stacpoole ni kizuri kwa sababu kimefagiliwa. Amefagia wazee, amefagia wakunga, amefagia kazi ngumu, na karibu amefagia wenyeji wa bahari ile, watu waliokuwa wakivuka Pasifiki kwa ngalawa kabla Ulaya haijajua kama bahari hiyo ipo. Katika filamu wenyeji wanaonekana usiku tu, wanapiga ngoma na kumwaga damu, na watoto wetu wawili wanachungulia kwa hofu. Nakumbuka hapo mtafsiri wetu wa Ngamiani alipata tabu. Alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Hawa sasa ni watu wabaya wa upande wa pili." Hata yeye, aliyethubutu kukiweka kisiwa kizima nyuma ya Pemba, hakutaka kusema hao nao ni watu wa wapi.

Lakini haitakuwa haki kumaliza habari za Stacpoole hapo. Mwaka mmoja baada ya The Blue Lagoon alitoa riwaya nyingine, The Pools of Silence, na hii inahusu Kongo. Wakati huo habari za Kongo ya Mfalme Leopold zilikuwa zimeshaenea: watu kulazimishwa kuleta mpira wa porini, vijiji kuchomwa, mikono kukatwa. Mwayalandi mwingine, Roger Casement, alikuwa ameandika ripoti yake iliyochapishwa mwaka 1904, na mwaka 1908 Leopold akalazimika kuikabidhi nchi ile kwa serikali ya Ubelgiji. Stacpoole alikuwa miongoni mwa waliopinga ukatili ule, na riwaya yake inampeleka daktari kijana wa Kimarekani msituni pamoja na mwindaji tajiri, akaone kwa macho yake. Kama riwaya, The Pools of Silence haijakaa vizuri. Mapenzi yamebandikwa, na Waafrika wanateswa sana lakini hawasemi sana. Ila nikiviweka vitabu hivi viwili pamoja napata kitu. Mtu yule yule, ndani ya miaka miwili, aliandika ardhi isiyo na watu ambapo mzungu anaishi bila dhambi, na ardhi yenye watu ambapo mzungu anageuka shetani. Ni kama vile hakuweza kuwaza mahali ambapo watu wapo na mambo yanaendelea kawaida, yaani mahali kama Ngamiani.

Na sisi tunacho kisiwa chetu kitupu, tusijifanye. Ukisimama ufukweni mjini Tanga utakiona kile cha Toten katikati ya ghuba. Jina walikipa Wajerumani, maana yake ni wafu. Kina magofu ya msikiti na makaburi, maana yake waliishi watu, waliswali, walizikana. Leo ni vichaka. Wenzangu wengi wa Tanga hawajawahi kukanyaga. Nilipokwenda na mashua ya kukodi, nahodha alitusubiri majini, hakushuka. Kila kisiwa kitupu kina namna kilivyokuwa kitupu.

Sasa niwalete nyumbani kabisa. Kusini kidogo mwa mji wa Tanga kuna Vibambani, alikozaliwa Shaaban Robert mwaka 1909. Wengi tunamjua kama mshairi na mtu wa Kusadikika. Tunasahau kwamba kuanzia mwaka 1926 hadi 1944 alikuwa karani wa forodha, sehemu ya muda huo akiwa Pangani. Miaka kumi na minane ya kuandika nani kaingia na nini kwa chombo gani. Kama Stacpoole, hakuwa baharia, lakini alikaa pale ambapo mabaharia lazima wapite. Na mwaka 1952 akatoa Adili na Nduguze, ambayo mimi naihesabu kuwa riwaya yetu ya safari na mapenzi ya baharini, ingawa silabasi huiita ngano ya maadili na kuimaliza kwa swali la "eleza dhamira tatu".

Kwa ambao waliisoma ili wafaulu tu, nikumbushe. Adili ni liwali wa Janibu chini ya Mfalme Rai wa Ughaibuni. Kila usiku anawachapa manyani wawili, halafu analia na kuwalisha. Mfalme anataka kujua sababu. Kumbe manyani ni kaka zake, Hasidi na Mwivu. Baba yao Faraja alipofariki waligawana urithi. Hao wawili wakasafiri kibiashara, wakarudi mikono mitupu, na Adili akagawana nao tena mali yake. Wakasafiri wote watatu. Njiani Adili akamwokoa nyoka aliyekuwa akifukuzwa, kumbe ni Huria, binti wa jini. Akafika mji ambao watu wake wote wamegeuka mawe isipokuwa binti mmoja, Mwelekevu, akampenda, akamchukua chomboni. Kaka zake wakaona wivu. Usiku akiwa amelala, wakamtupa baharini.

Simulizi hii ina asili yake katika Alfu Lela U Lela, katika kisa cha liwali wa Basra na ndugu zake wawili waliogeuzwa mbwa. Kule mwisho ni mbaya: ndugu wanasamehewa, wanarudi kuwa watu, halafu wanamuua. Shaaban Robert aliukataa mwisho huo. Kwake Hasidi na Mwivu wanarudishiwa ubinadamu na wanatubu kweli. Kuna wanaoliona hilo kuwa udhaifu, kwamba mzee alipenda mno kuhubiri. Mimi nilikuwa mmoja wao mwaka wa kwanza, na nimewahi kuandika hivyo kwenye mtihani.

Tazameni tofauti ya bahari hizi mbili. Kwa Stacpoole, bahari inakutenga na watu. Ukishavuka mwamba, baba, mjomba, deni, jina la ukoo, vyote vimebaki nyuma. Kwa Shaaban Robert, bahari inakufungia pamoja nao. Chombo ni kidogo, huwezi kutoka, na aliyelala pembeni yako ni mtoto wa mama yako. Mawimbi hayamfanyi Adili kitu. Wanaomtupa ni ndugu zake. Mimi niliyekulia pwani naijua hii ya pili. Huku kwetu chombo hakimilikiwi na mtu mmoja. Kuna mwenye mbao, mwenye tanga, mwenye nyavu, na mgao unajulikana kabla hamjaingia majini, na ugomvi nao unajulikana.

Ndiyo maana nilimsomea Babu. Macho yake yana mtoto wa jicho, hawezi kusoma tena, na likizo ya mwezi wa tisa nilikuwa nyumbani sina kazi. Babu na mdogo wake walinunua mashua kwa fedha ya urithi wa baba yao, miaka mingi kabla sijazaliwa. Walibeba boriti na nazi kati ya Pangani, Tanga na Pemba. Kisha ikatokea safari moja ambayo hesabu yake haikukaa sawa. Mashua ikauzwa. Tangu hapo hawajasalimiana. Babu anakaa Barabara ya Tisa, mdogo wake Barabara ya Kumi na Sita. Hazifiki dakika kumi kwa miguu. Wanaswali misikiti tofauti. Sisi wajukuu tunatembeleana kwa kuiba, kama wapenzi wa kwenye riwaya.

Nilianza na The Blue Lagoon, nikimtafsiria kama yule jamaa wa kibanda umiza. Alifurahia moto wa meli. Alimpenda Mzee Button, akasema mabaharia wa namna hiyo amekutana nao, isipokuwa ramu. Watoto walipobaki peke yao akaanza kusinzia. Mwisho wa kitabu Dick, Emmeline na mtoto wanachukuliwa na mkondo ndani ya mashua isiyo na makasia, wakiwa na tawi la matunda yenye sumu. Mzee Lestrange, baba yake Dick ambaye kwa miaka yote hiyo hakuacha kuwatafuta, anafika na meli, anauliza kama wamekufa. Nahodha anamjibu kwamba wamelala. Stacpoole anafunga hapo, na ilibidi wasomaji wangoje The Garden of God kuambiwa ukweli, kwamba wawili walishakufa na mtoto ndiye aliyepona. Babu akaamka hapo hapo. "Huyo mzee aliwatafuta miaka mingapi?" Nikamwambia, mingi. Akanyamaza.

Jioni ya pili nikachukua Adili na Nduguze. Hakusinzia. Nilipofika pale Hasidi na Mwivu wanarudi maskini na Adili anagawana nao mali yake mara ya pili, akaniambia, "Soma tena hapo." Nikasoma. Akaniambia tena. Nikasoma. Tulipofika usiku ule wa kumtupa Adili baharini, nilitegemea atakasirika, atalaani, au labda atasema kitu kuhusu mdogo wake. Akauliza, "Wakati huo nani alishika usukani?"

Nikasema sijui, Babu.

"Wawili wanambeba mtu mzima kumtupa, wa tatu ndiye anayetupwa. Usukani nani kashika? Chombo hakijiendeshi. Lazima kuna mtu aliona." Akatikisa kichwa. "Kila mara kuna mwingine aliyeona, akanyamaza."

Nilirudi nyuma kurasa kadhaa kumtafutia huyo mtu, huku taa ya chaji ikififia, na Babu kimya akisubiri. Sikuuliza safari ile ya hesabu mbaya waliokuwemo ni wangapi. Nilitaka kuuliza. Mjukuu wa kike hamuulizi babu yake jambo hilo usiku, na mchana ulipofika nilikuwa na basi la kurudi chuoni.

Kitabu nilikiacha kwenye dirisha la chumba chake. Juzi mama alinipigia simu, katikati ya maongezi Babu akaomba simu. Hakuuliza masomo wala afya. Alitaka kujua yule mtoto wa mdogo wake, yule wa Barabara ya Kumi na Sita anayesoma kidato cha nne, kama anajua kusoma kwa sauti.